Gramu Ishirini na Tano za Mama Mkwe

Mpendwa Shangazi,

Mama mkwe wangu nimempoteza Jumapili ya wiki tano zilizopita, saa moja na dakika ishirini jioni, mezani kwangu, na kabla hujaanza kuniandikia pole naomba ujue hajafa, ni mzima wa afya, anashona nguo za watu mpaka leo, nyuzi anazikata kwa meno na uzi anautunga sindanoni bila miwani, ila kwangu hatii mguu tena, na nyumba nzima inasema kosa ni langu, nami naomba msaada wako kwa sababu kosa hilo nimelipigia hesabu kutoka juu kwenda chini na kutoka chini kwenda juu na sijaliona.

Mimi ni fundi mizani. Mizani ya mabuchani, ya wauza mchele, mpaka ile ya kupimia watoto wachanga zahanati, ikipotoka inaletwa kwangu. Nilianza chini ya ngazi za duka la mtu, nikiwa na bisibisi moja na mawe mawili ya kupimia, na leo nina chumba chenye mlango wangu, meza tatu za kazi na foleni kila Jumatatu, na hakuna aliyenishika mkono. Mtaani wananiita Bwana Gramu, jina ambalo sikulichagua lakini silikatai.

Naomba pia ujue nilikotoka, usije ukadhani ni uchoyo. Nililelewa kwa mjomba, watoto tisa sinia moja, mimi wa saba, na Shangazi, kwenye sinia la watu tisa mkono mkubwa ndio unaokula, mdogo unaambiwa subiri ukwangue sufuria, kwa hiyo ukoko naujua kuliko wali wenyewe, na siku moja nikiwa nakwangua nikaapa kwamba nikipata meza yangu, kila atakayeketi atapata sawa na mwenzake, awe mkubwa awe mdogo.

Sasa chakula chenyewe. Mke wangu ni muuguzi na Jumapili anaingia zamu ya asubuhi, anarudi saa kumi na mbili jioni miguu imemvimba, kwa hiyo siku hiyo jiko ni langu, na ninapika kitu kimoja, kwenye kikaango kimoja cha chuma kizito cha sentimita ishirini na sita. Chini ni vitunguu viwili, nakaanga dakika kumi na nane, si kumi na tano, moto mdogo mpaka viwe rangi ya hudhurungi, halafu gramu mia nne za nyama ya kusaga, pilipili hoho, tangawizi na chumvi. Juu yake namimina uji mzito wa unga wa mahindi gramu mia mbili, unga wa ngano mia moja, mtindi, mayai mawili, baking poda na punje za mahindi mabichi, kisha kikaango kizima naingiza kwenye oveni dakika ishirini na tano. Kikitoka, mkate umeumuka, pembeni umeshika rangi, nyama inatokota chini yake, na hapo ndipo namwaga asali ikizama huku inachemka. Ukikata unakuta utamu juu na chumvi chini, na mtu anakula bila kusema.

Asali, nikiri, haikuwa akili yangu. Mara ya kwanza nilipompikia mama mkwe, miaka sita iliyopita, haikuwemo, akaonja akasema, "Baba, chakula kizuri, ila ni shati zuri lisilo na vifungo. Tia asali." Nikamuuliza kiasi gani. Akasema, "Mpaka uone inatosha." Shangazi, nikamwomba amimine yeye, nami nikaitegea bakuli juu ya mizani, na "inatosha" ya mama mkwe ni gramu arobaini na tano. Tangu siku hiyo natia arobaini na tano, na tangu siku hiyo anakuja kila Jumapili.

Tatizo ni sakafu. Sakafu ya jikoni kwangu imelala kuelekea dirishani, nimeiwekea pima maji, inashuka sentimita moja na nusu kutoka ukutani, na jiko limesimama juu yake hivyo hivyo, kwa hiyo unga unajaa upande wa dirisha na asali inakimbilia huko huko, matokeo yake vipande vya dirishani ni vinene na vitamu, vya ukutani ni vyembamba na vina chumvi tupu. Tuko sita mezani: mimi, mke wangu, mama mkwe, shemeji yangu ambaye ni kinyozi, binti yangu wa miaka kumi na moja na mdogo wake wa miaka sita, na kila Jumapili ni vita, watoto wanalia, na shemeji, mtu mzima mwenye ndevu, anakizungusha kikaango akijifanya anatafuta kijiko ili upande wa dirisha umwangukie yeye.

Mimi si mtu wa kulalamika, ni mtu wa kurekebisha. Jumapili hiyo nikaja na mizani kutoka kazini, ile ya sahani pana, nimeisawazisha mwenyewe, haikosei hata gramu moja. Nikaiweka katikati ya meza. Mama mkwe akaitazama.

"Baba, hiyo ya kazi gani?"

"Ya haki, mama."

"Ala! Siku hizi haki inatumia betri?"

Watu wakacheka, na mimi nikacheka, hakukuwa na ubaya wowote. Shemeji akasema, "Shemeji, kesho njoo na hiyo saluni, tupime nywele kabla na baada." Tukacheka tena. Nikakata vipande sita, nikapima kimoja kimoja nikiviweka kwenye sahani za wenyewe. Changu 218. Cha shemeji 214. Cha mke wangu 223. Cha mdogo 225. Cha binti 195. Cha mama mkwe 245. Jumla 1,320, gawanya kwa sita unapata 220 kamili. Nikikuta tofauti ya gramu sita sisumbuki, mimi si mkorofi, kwa hiyo wanne nikawaacha. Walibaki wawili: binti amepungukiwa ishirini na tano, na bibi yake amezidishiwa ishirini na tano. Nani asiyeona jibu hapo? Nikachukua kisu, nikakata gramu ishirini na tano kwenye sahani ya mama mkwe, nikaziweka kwenye sahani ya binti. Sasa wote sawa. Nikasema, "Karibuni."

Hakuna aliyekaribia. Mama mkwe aliweka kijiko chini polepole.

"Mama, huli?"

"Nimeshiba, baba."

"Lakini hata hujaonja."

"Nimeshiba kwa macho."

Akachukua mkoba wake, akawabusu wajukuu, akatoka, na shemeji akatoka nyuma yake na kipande chake mkononi. Binti yangu akaniuliza, "Baba, bibi kakasirikia mizani au kakukasirikia wewe?" Mke wangu alisubiri watoto wamalize, akaniita jikoni, akaniambia maneno mengi ambayo mengine siyaandiki gazetini, lakini la mwisho lilikuwa, "Mama yangu si gunia la viazi."

Shangazi, sikukaa kimya, nilifanya la kiungwana. Jumanne nilichukua kilichobaki, nikapima gramu ishirini na tano zake, nikamwongezea tano za usumbufu, nikazifunga kwenye foili, nikaandika juu "30" ili asiwe na shaka, nikampa shemeji ampelekee. Jioni shemeji akanirudishia kifurushi kikiwa hivyo hivyo, anajibana asicheke, akaniambia, "Mama anasema mwambie baba, kwa jicho langu ni ndogo." Nikakipima pale pale mbele yake. Thelathini kamili! Nikamwambia nenda kamwambie ni thelathini kamili. Akasema yeye ni kinyozi, si tarishi.

Na sasa nikupe hoja yangu kubwa, ambayo hakuna aliyeweza kuijibu nyumbani. Mama mkwe huwa hamalizi kipande chake! Kila Jumapili, miaka sita yote, anakula akifika mahali anasukumia sahani yangu kinachobaki, "Malizia baba, meno yangu yamechoka." Niliwahi kukipima kwa siri mara mbili tatu, ni kama gramu themanini. Je, mtu asiyemaliza kipande chake anakasirikaje kupunguziwa ishirini na tano?

Zimepita Jumapili tano. Mke wangu amesema kama Jumapili hii mama hatakuwa mezani kwetu, basi kuanzia hapo yeye na watoto Jumapili watakula kwa mama, zote, na mimi nibaki na mizani yangu tuangaliane. Na huwa hasemi kitu mara mbili. Meza hiyo, Shangazi, nimeitafuta miaka arobaini.

Swali langu ni moja na silitaki limung'unywe. Nilikosea kumpimia mama mkwe, ndiyo au hapana? Nijibu kwenye gazeti la Alhamisi hii, si lijalo, maana Ijumaa saa nne asubuhi nitakuwa buchani, na lazima nijue nanunua nyama gramu mia nne za watu sita au gramu sitini na saba za mtu mmoja.

Fundi Mizani

*

Fundi,

Ndiyo, ulikosea. Leo ni Alhamisi na bucha bado hujaifikia, kwa hiyo saa yako nimeitii. Sasa kaa kitako, maana ulichouliza ni kidogo kuliko unachohitaji.

Kwanza nikupe haki yako. Wapo wanaume wengi wanaoijua njia ya jikoni kwa sababu tu maji ya baridi yako huko. Wewe unamngoja mkeo aliyechoka na chakula cha moto, dakika kumi na nane za vitunguu bila kuiba hata moja, na hapa ofisini tumeisoma barua yako mara mbili, mara ya pili kwa sababu ya njaa. Na kuhusu lile sinia la kwa mjomba, pole mwanangu. Pole hasa. Mtoto anayekula kwa kungoja sufuria hukua akihesabu mikono ya wenzake, na si ajabu mtoto huyo akawa fundi mizani.

Lakini hebu nikuulize. Fundi anayelisahihishia soko zima mizani, anayejua sakafu yake imeshuka sentimita moja na nusu, imemshinda kuweka kipande cha ubao chini ya miguu miwili ya jiko? Miaka sita unagombanisha watoto na mjomba wao kwa sababu ya ubao! Ungelisawazisha jiko, unga ungetulia, asali ingetulia, na shemeji yako angekosa sababu ya kutafuta kijiko. Wewe ukaliacha jiko lililopinda ukaenda kumnyoosha mama mkwe, ambaye hakuwa amepinda popote.

Hiyo hoja yako kubwa ndiyo iliyokuumbua. Unasema hamalizi kipande chake. Unasema meno yamechoka. Fundi, mwanamke anayetunga uzi bila miwani, anayekata nyuzi kwa meno mchana kutwa, meno yake yachoke kwa mkate laini wa mahindi ulioloa asali? Hayajachoka chochote. Alikuwa anakupa. Aliona, bila mizani, kwamba aliyepika ndiye anayekula la mwisho, na kwa kuwa wewe ni mtu wa kujivuna hukubali kupewa, akakutafutia sababu usiyoweza kuikataa.

Na kwa kuwa hesabu ndiyo lugha unayoielewa, haya. Gramu themanini, mara Jumapili hamsini na mbili, mara miaka sita. Nimeifanya kwa penseli na mhariri wangu ameihakiki: gramu 24,960. Kilo ishirini na tano kasoro kiganja. Mama huyo amekulisha kilo ishirini na tano kutoka kwenye sahani yake mwenyewe, ukazimeza zote kimyakimya huku ukizipima kwa siri, halafu siku moja ukamkata gramu ishirini na tano mbele ya wajukuu. Gawanya mwenyewe uone umemfanyia nini.

Nikuambie na kilichomuuma. Si mkate. Binti amepungukiwa, bibi amezidishiwa, wako mezani pamoja. Ungengoja hata nukta tano tu, bibi angeona, angemmegea mjukuu wake kwa mkono wake, na mtoto angesema asante bibi. Wewe ukamwingilia na kisu. Ulichomchukua ni nafasi ya kutoa, na kwa mtu mzima aliyezoea kutoa hakuna unyang'anyi mkubwa kuliko huo. Alikaa pale kama mteja aliyezidishiwa kwa bahati mbaya na muuzaji akashtuka.

Halafu kile kifurushi! Ulimpelekea mama mkwe kimego cha juzi, kikavu, kimeandikwa uzito wake juu, kwa mkono wa kinyozi. Gramu tano za usumbufu! Nimecheka mpaka nikafuta machozi kwenye barua yako, na bado nakwambia usirudie. Ila wewe hukusikia jibu lake. "Kwa jicho langu ni ndogo." Fundi, mtu aliyekasirika kweli hatumi utani, hunyamaza. Mama aliuegesha mlango, hakutia komeo. Alikuwa anakwambia njoo na kubwa zaidi, njoo na miguu yako. Na wewe badala ya kuvaa viatu ukawasha mizani.

Sasa sikiliza, na usiniulize kwa nini.

Ijumaa saa nne nunua nyama gramu mia nne. Ukirudi, mizani ya mezani irudishe kazini, ikawapimie wauza mchele. Weka ubao chini ya jiko, pima kwa pima maji, hapo nakuruhusu kupima mpaka uchoke.

Jumamosi asubuhi nenda mwenyewe kwa mama mkwe. Si na shemeji. Mkeo akitaka kufuatana nawe mwambie abaki, hili ni lako. Usibebe foili. Usimweleze wastani. Usimwambie kwamba wanne walikuwa ndani ya gramu sita, maana najua linakuwasha ulimini. Sema, "Mama, nilikukosea mbele ya wajukuu, nisamehe," unyamaze. Atakutania. Mwache akutanie mpaka achoke, ni haki yake ya wiki tano. Kisha mwambie, "Kesho kikaango kikitoka, nakuomba ukate wewe."

Na Jumapili mpe kisu. Huyo amekata vitambaa vya watu maisha yake yote kwa kutazama bega tu, hashindwi na duara la sentimita ishirini na sita. Asali pia mpe amimine, bila bakuli kukaa juu ya kitu chochote. Vipande havitalingana. Atampa aliyetoka zamu kikubwa, atampa mtoto chenye ukingo mwekundu anaoupenda, na kinyozi atapewa cha ukutani kwa sababu kila mtu anajua alikuwa anakizungusha kikaango. Akikuwekea chako, kiwe kikubwa au kidogo, usikitazame kwa jicho la kazi. Na akikusukumia tena kile kinachobaki, usiseme "mama, kula wewe." Kipokee kwa mikono miwili, useme asante, ukimalize mbele yake. Usiogope, kwenye meza hii hakuna anayekula zamu yako.

Na Jumamosi fika kabla ya saa tatu. Mshonaji akishatandaza kitambaa na kushika mkasi, hodi haisikii, na wewe huna Jumapili nyingine ya kungoja.

Shangazi